Honoré de Balzac

Honoré de Balzac (Tours, 20 Mei 1799 – Paris, 18 Agosti 1850) alikuwa mwandishi wa riwaya na tamthilia kutoka nchini Ufaransa. Anajulikana hasa kwa mfululizo mkubwa wa riwaya na hadithi alioupa jina la La Comédie humaine (yaani Mchezo wa maisha ya binadamu), ambao una maandiko zaidi ya 90 na wahusika zaidi ya 2,000. Anahesabiwa kati ya waanzilishi wa uhalisia katika fasihi ya Ulaya.

Riwaya yake Illusions perdues (yaani Ndoto zilizopotea) inasimulia habari za kijana mshairi anayetoka mkoani kwenda Paris kutafuta sifa na cheo, akarudi kwao mikono mitupu. Balzac aliyajua mambo hayo kwa kuyapitia: yeye mwenyewe aliingia Paris akiwa kijana asiye na jina, akafilisika kabla ya kutimiza miaka 30, na akaishi maisha yake yote akikimbizwa na wadai.

Familia na utoto

Baba yake, Bernard-François, alizaliwa katika familia ya wakulima wa kusini mwa Ufaransa, katika eneo ambalo leo ni wilaya ya Tarn. Jina la ukoo wao lilikuwa Balssa. Alipokwenda Paris kutafuta kazi alilibadilisha kuwa Balzac, kwa sababu lilifanana na jina la ukoo wa zamani wa makabaila. Alipanda ngazi katika ofisi za serikali ya mfalme, akayavuka salama Mapinduzi ya Ufaransa, na hatimaye akapewa kazi ya kusimamia ugavi wa chakula cha jeshi mjini Tours. Mwaka 1797, akiwa na umri wa miaka 50 hivi, alimwoa Anne-Charlotte-Laure Sallambier, binti wa miaka 18 kutoka familia ya wafanyabiashara wa nguo wa Paris.

Mtoto wao wa kwanza alifariki akiwa mchanga. Honoré, aliyefuata, alipelekwa mara kwa mwanamke wa kijiji cha Saint-Cyr-sur-Loire ili anyonyeshwe na kulelewa huko, jambo lililokuwa la kawaida kwa familia zenye uwezo wakati ule. Alikaa huko miaka minne hivi pamoja na dada yake Laure, ambaye alibaki kuwa rafiki yake wa karibu hadi mwisho wa maisha. Kwa mama yake hakupata upendo aliouhitaji, na uchungu huo unaonekana katika barua zake hata alipokuwa mtu mzima.

Mwaka 1807, akiwa na umri wa miaka 8, aliingizwa katika shule ya bweni ya Vendôme iliyokuwa chini ya Waoratori. Alikaa huko miaka sita mfululizo bila kurudi nyumbani kwa likizo, na mama yake alimtembelea mara chache sana. Hakuwa mwanafunzi hodari. Mara nyingi alifungiwa katika chumba kidogo cha adhabu, na humo alisoma kila kitabu alichoweza kukipata katika maktaba ya shule. Mwaka 1813 aliugua, akarudishwa nyumbani akiwa amekonda na kama amepigwa bumbuwazi. Habari za shule hiyo aliziingiza baadaye katika riwaya ya Louis Lambert (1832).

Chumba cha darini

Mwaka 1814 baba alihamishiwa Paris, familia ikamfuata. Honoré alisomea sheria kuanzia 1816 hadi 1819, na wakati huohuo alifanya kazi ya ukarani katika ofisi ya wakili, kisha ya mthibitishaji wa hati. Ofisi hizo zilimfundisha mambo ambayo hakuna shule ingeweza kumfundisha: alisoma mafaili ya mirathi, mikataba ya ndoa, madeni na hila za ndugu wanaogombania mali. Ni vigumu kupata riwaya yake ambayo haina hati ya mahakama au hesabu ya mahari ndani yake.

Wazazi walikuwa wamekwisha kumtafutia nafasi ya kurithi ofisi ya mthibitishaji, kazi yenye heshima na kipato cha uhakika. Mwaka 1819 aliikataa. Alisema atakuwa mwandishi. Baada ya mabishano makali walikubaliana kumpa miaka miwili ya kujaribu, na posho ya faranga 1,500 kwa mwaka. Wakati huo baba alikuwa amestaafu na familia imehamia Villeparisis, nje ya mji. Ili majirani wasijue kwamba kijana wao ameacha kazi, waliambiwa amekwenda Albi kwa ndugu wa baba.

Kumbe Honoré alikuwa Paris, katika chumba kidogo cha darini kwenye mtaa wa Lesdiguières, karibu na maktaba ya Arsenal. Chumba kilipenya baridi, samani zilikuwa chache, na chakula kilikuwa cha kuhesabu. Humo aliandika tamthilia ya kishairi kuhusu Oliver Cromwell, akaisoma mbele ya familia nzima mwaka 1820. Wasikilizaji walichoka. Muswada ulipelekwa kwa msomi mmoja, François Andrieux, aliyekuwa mwanachama wa Akademia ya Kifaransa. Jibu lake lilikuwa kwamba kijana huyu afanye kazi yoyote atakayo, ila uandishi aache.

Balzac hakuacha, lakini alishuka bei. Kuanzia 1822 aliandika riwaya za haraka kwa ajili ya soko, za mapenzi, maharamia na vizuka, akitumia majina ya bandia kama Lord R'Hoone (herufi za jina lake Honoré zilizopangwa upya) na Horace de Saint-Aubin. Aliandika nyingine akishirikiana na Auguste Lepoitevin. Yeye mwenyewe alizidharau, na hakukubali kuziingiza katika mkusanyo wake mkuu. Hata hivyo hapo ndipo alipojifunza kujaza kurasa kwa muda uliopangwa.

Katika mwaka huohuo alianza uhusiano na Laure de Berny, jirani wa Villeparisis, mwanamke mwenye mume na watoto na aliyemzidi umri kwa miaka 22. Alikuwa mpenzi wake, mlezi wake na msomaji wake wa kwanza. Mama huyo alizaliwa karibu na jumba la mfalme kabla ya Mapinduzi, akajua desturi za makabaila. Mengi ambayo Balzac aliyaandika kuhusu tabaka hilo aliyapata kwake kwanza.

Mchapaji aliyefilisika

Mwaka 1825 Balzac alikata shauri kwamba mwandishi hawezi kutajirika kwa kuandika, bali kwa kuuza. Alianza kuchapisha kazi zote za Molière na za La Fontaine, kila mmoja katika kitabu kimoja. Wazo lilikuwa zuri, lakini herufi zilikuwa ndogo mno, bei ilikuwa kubwa, na hakuwa na mtandao wa wauza vitabu. Nakala chache tu zilinunuliwa.

Badala ya kuacha, aliona kosa liko kwa wachapaji wanaokula faida. Kwa hiyo mwaka 1826, kwa fedha za mama yake na za Laure de Berny, alinunua kiwanda cha uchapaji kwenye mtaa ambao leo unaitwa Visconti, upande wa kushoto wa mto Seine. Humo zilichapishwa riwaya na vitabu vya wateja, lakini pia matangazo ya dawa na vijitabu vya kila aina. Mwaka 1827 aliongeza kiwanda cha kusubu herufi za risasi. Wateja walichelewa kulipa, yeye akakopa ili alipe mafundi, kisha akakopa tena ili alipe mkopo wa kwanza. Kufikia katikati ya 1828 yote yalianguka. Ndugu wa mama yake aliingilia kati ili jina la familia lisitangazwe mahakamani kuwa la mufilisi. Balzac alibaki na deni la karibu faranga 60,000, sehemu kubwa akidaiwa na mama yake mzazi.

Inafaa kutaja kwamba kiwanda cha herufi kilichukuliwa na Alexandre de Berny, kijana wa Laure, naye akakiendesha kwa mafanikio. Kampuni hiyo iliendelea kuwa na jina kubwa Ufaransa hadi karne ya 20. Biashara yenyewe basi haikuwa mbovu.

Kupata jina

Baada ya kufilisika Balzac alikwenda Fougères, katika Bretagne, akakaa kwa rafiki wa familia na kukusanya habari za uasi wa wakulima waliopinga Mapinduzi. Matokeo yake yalikuwa riwaya ya kihistoria Le Dernier Chouan (1829), ya kwanza kutoka kwa jina lake halisi. Mwaka huohuo alitoa Physiologie du mariage, kitabu cha dhihaka kuhusu ndoa, ambacho kilisomwa sana na wanawake wa Paris na kumfungulia milango ya nyumba zao.

Mapinduzi ya Julai 1830 yalimwondoa mfalme Charles X na kumweka Louis-Philippe. Paris ikajaa magazeti, na Balzac akaandikia mengi kati ya hayo. Mwaka 1831 riwaya La Peau de chagrin, kuhusu kijana anayepata ngozi ya ajabu inayotimiza kila haja yake huku ikipungua pamoja na siku zake za kuishi, ilimfanya maarufu.

Ni katika miaka hiyo ndipo alipoanza kuandika jina lake kwa neno de, alama ya ukabaila. Hati yake ya kuzaliwa haina neno hilo, ingawa familia ilikuwa imekwisha kulitumia katika tangazo la ndoa ya binti yao Laurence mwaka 1821. Balzac alijichorea pia nembo ya ukoo wa Balzac d'Entragues, ambao hakuwa na undugu nao, akaibandika kwenye gari lake la farasi. Alishonesha nguo kwa mafundi wa gharama, akaweka mtumishi mwenye sare, akakodi nafasi katika jumba la Opera pamoja na vijana watanashati. Mwaka 1834 alitengenezewa bakora yenye kichwa cha dhahabu kilichopambwa kwa vito vya feruzi. Bakora hiyo ilizungumzwa mjini kuliko vitabu vyake, na mwaka 1836 mwandishi Delphine de Girardin alitunga riwaya nzima juu yake.

Paris ya wakati ule iliruhusu mambo hayo, na pia iliyaadhibu. Utajiri mpya wa mabenki ulikuwa umeketi meza moja na majina ya kale, na mtu alipimwa kwa glavu zake, kwa fundi wake wa nguo na kwa nyumba alizoalikwa. Magazeti ya vichekesho yalimchora Balzac kila mara: mfupi, mnene, nywele timutimu, akijifanya kabaila. Mwaka 1832 alimfuata hadi Aix na Geneva mke wa kabaila mkubwa, markisi wa Castries, akitumaini kupendwa. Alikataliwa. Alilipiza kwa riwaya ya La Duchesse de Langeais. Tangu wakati huo pia alijitangaza kuwa mfuasi wa ukoo wa kifalme uliopinduliwa, na majaribio yake ya kuingia bungeni hayakufika popote.

Namna ya kufanya kazi

Nyuma ya bakora kulikuwa na mtu mwingine. Alipokuwa na kitabu mkononi Balzac alilala saa 12 jioni, akaamshwa usiku wa manane, akavaa joho jeupe mfano wa wamonaki na kuandika kwa mwanga wa mishumaa hadi asubuhi, wakati mwingine saa 15 kwa siku. Alijitegemeza kwa kahawa nyeusi nzito, ambayo aliichanganya mwenyewe kwa aina tatu za buni.

Muswada wake wa kwanza ulikuwa mfupi. Kitabu chenyewe alikiandika juu ya prufu: wachapaji walimletea kurasa zenye pembe pana, naye akazijaza mistari, mishale na vipande vya karatasi vilivyobandikwa, mara sita, saba au zaidi. Mafundi wa kupanga herufi waliichukia kazi hiyo. Gharama za masahihisho zilikatwa katika malipo yake, hivyo kuna vitabu alivyovimaliza akiwa amebaki na fedha kidogo sana. Mtu aliyekuwa na deni la kutisha hakuwa tayari kuokoa fedha kwa kuacha sentensi mbaya.

Katika Le Père Goriot (1834–1835) alianza kutumia kwa mpango wahusika wanaorudi kutoka riwaya moja hadi nyingine. Mwanafunzi maskini katika kitabu kimoja huonekana waziri katika kingine, na anayepita njiani hapa ni shujaa wa hadithi ya kule. Kijana Eugène de Rastignac, ambaye katika riwaya hiyo anamzika mzee aliyetupwa na binti zake kisha anauangalia mji kutoka makaburi ya Père-Lachaise kama mtu anayetangaza vita, ndiye mfano wa kijana aliyefaulu. Aliyeshindwa alikuja baadaye.

Illusions perdues

Riwaya hii ilitoka katika sehemu tatu, miaka ya 1837, 1839 na 1843, nayo imetabarukiwa kwa Victor Hugo. Ni miongoni mwa vitabu virefu zaidi vya Balzac. Mji wa Angoulême, inakoanzia, aliufahamu kwa sababu rafiki yake Zulma Carraud aliishi huko, mumewe akisimamia kiwanda cha baruti.

Lucien Chardon ni mtoto wa mwuza dawa aliyefariki, mzuri wa sura na mwenye kipaji cha ushairi. Mama yake alizaliwa katika ukoo wa kikabaila wa Rubempré, na Lucien anatamani kulitumia jina hilo. Rafiki yake David Séchard, mchapaji maskini, anamwoa dada yake Ève. Mwanamke mkubwa wa mji, bibi de Bargeton, anampenda Lucien na kumchukua Paris.

Siku za kwanza zinatosha kuwafungua macho wote wawili. Katika bustani za Tuileries Lucien anagundua kwamba nguo zake, ambazo kwao zilikuwa za sherehe, hapa ni za karani wa duka. Anatumia sehemu kubwa ya fedha alizopewa na familia kununua nyingine, na bado anakosea. Jumba la Opera linapojua kwamba baba yake aliuza dawa, bibi de Bargeton anaondoka katikati ya onyesho, na tangu hapo mlango wake umefungwa.

Lucien anahamia mtaa wa wanafunzi, anakula katika hoteli ya bei nafuu ya Flicoteaux, na kukutana na Daniel d'Arthez, mwandishi anayefanya kazi kwa uvumilivu pamoja na kikundi cha marafiki waaminifu. Hiyo ni njia moja, ndefu na yenye njaa. Njia ya pili ni magazeti, naye anaonyeshwa na Étienne Lousteau. Hapa Balzac anaandika kama mtu aliyefanya biashara hiyo. Mwuza vitabu Dauriat anaurudisha muswada wa mashairi ya Lucien akisifu na kusikitika, lakini alama ya wino iliyochorwa kwenye kamba inaonyesha kwamba haukufunguliwa kabisa. Lucien anapoandika makala ya kukiponda kitabu kingine cha Dauriat, huyo huyo anakuja kuyanunua mashairi kwa faranga 3,000, si ili ayachapishe, bali ili kumnyamazisha. Kisha Lucien anaambiwa aandike makala ya pili ya kukisifu kitabu alichokiponda, naye anaiweza. Waandishi wanauza tikiti za bure na vitabu walivyopewa, na katika kumbi za michezo makofi yana bei yake.

Kwa miezi michache Lucien ana fedha, ana mpenzi, mwigizaji Coralie, na anaogopwa. Kinachomwangusha ni lile jina. Anaahidiwa kwamba mfalme atamruhusu kuitwa de Rubempré iwapo ataliacha gazeti la wapinzani na kujiunga na lile la serikali. Anahama; marafiki wa zamani wanamgeuka, na hati ya mfalme haitoki. Coralie anazomewa jukwaani, anaugua na kufa, na Lucien anatunga nyimbo za walevi usiku kando ya maiti ili apate fedha za mazishi. Kabla ya hapo alikuwa ameghushi sahihi ya David katika hati za deni za faranga 3,000.

Sehemu ya tatu mara nyingi husahauliwa, nayo ndiyo yenye maumivu zaidi. Deni hilo la kughushi linamfikia David, ambaye wakati huo amekaribia kuvumbua namna ya kutengeneza karatasi rahisi kutokana na mimea. Balzac anaeleza hatua kwa hatua jinsi gharama za mawakili zinavyoliongeza deni dogo hadi kuwa mlima, mpaka David anafungwa na kulazimika kuuacha uvumbuzi wake mikononi mwa ndugu Cointet, washindani wake, nao wanatajirika. Lucien anakwenda kujitupa mtoni, lakini njiani anakutana na mtu mwenye mavazi ya padri Mhispania ambaye kwa kweli ni mhalifu Vautrin. Mwisho wake unasimuliwa katika Splendeurs et misères des courtisanes, ambamo anajinyonga gerezani.

Wengi wamemtafuta Lucien halisi, na jina linalotajwa mara kwa mara ni Jules Sandeau, kijana mwandishi aliyeishi na Balzac kama katibu wake kuanzia 1834 hadi 1836, kisha akashindwa na mwendo wa kazi. Lakini Balzac alijigawa mwenyewe katika vitabu vyake: tamaa ya jina la kikabaila ni yake, usiku wa kazi wa d'Arthez ni wake, na kiwanda cha David kinanukia wino wa mtaa wa Visconti. Waandishi wa magazeti hawakumsamehe, na Jules Janin alikuwa mmoja wa walioishambulia sana sehemu ya pili.

Madeni na mipango

Umaarufu haukumaliza deni, uliliongeza. Mwaka 1836 ulikuwa mbaya kuliko yote: alimshtaki mchapishaji François Buloz aliyeuza Urusi maandishi ya Le Lys dans la vallée bila idhini, akashinda kesi lakini akajipatia maadui, gazeti lake Chronique de Paris lilikufa, alifungwa siku kadhaa kwa kukwepa zamu ya ulinzi wa mji, na Laure de Berny alifariki. Mwishoni mwa mwaka huohuo La Vieille Fille ilitolewa kidogokidogo katika gazeti la La Presse, ikiwa riwaya ya kwanza kutolewa hivyo katika gazeti la kila siku nchini Ufaransa.

Mwaka 1838 alisafiri hadi kisiwa cha Sardinia akitaka kuchenjua fedha iliyobaki katika mabaki ya migodi ya Warumi. Alipofika alikuta mfanyabiashara aliyemweleza habari hizo amekwisha kuchukua kibali. Nyumba aliyojenga Sèvres, Les Jardies, ilimshinda. Kuanzia 1840 alijificha Passy kwa jina la mtunza nyumba wake, katika nyumba yenye milango ya mitaa miwili tofauti, ili madalali wa mahakama wakiingia huku yeye atokee kule.

Alipigania pia haki za waandishi, hasa dhidi ya wachapaji wa Ubelgiji waliotoa vitabu vya Kifaransa bila malipo, na mwaka 1839 alikuwa rais wa Société des gens de lettres. Katika gazeti lake dogo Revue parisienne (1840), lililotoka mara tatu tu, alimsifu kwa kirefu Stendhal wakati wengi hawakumjali. Akademia ya Kifaransa haikumpokea kamwe; mwaka 1849 alipata kura chache mno.

Mwaka 1841 alitia sahihi mkataba wa kukusanya kazi zake zote, na juzuu za La Comédie humaine zikaanza kutoka 1842. Riwaya kubwa za mwisho zilikuwa La Cousine Bette (1846) na Le Cousin Pons (1847).

Ndoa na kifo

Mwaka 1832 alipokea barua kutoka Odessa isiyo na jina la mwandishi. Ilitoka kwa Ewelina Hańska, mke wa kabaila Mpolandi mwenye mashamba makubwa Wierzchownia, katika Ukraine ya leo. Walikutana Neuchâtel, Uswisi, mwaka 1833, na kuandikiana kwa miaka mingi. Mumewe alifariki 1841, lakini Hańska alisita: sheria za Urusi zilimzuia kuolewa na mgeni bila idhini ya Kaisari na bila kuachia mali yake, na alikuwa na binti wa kumfikiria.

Hatimaye walifunga ndoa Berdychiv tarehe 14 Machi 1850. Balzac alikuwa amekwisha kuharibika moyo na macho. Mwezi Mei walifika Paris usiku kwenye nyumba aliyoipamba kwa miaka kwa ajili ya mke huyo. Taa zilikuwa zinawaka, lakini hakuna aliyefungua: mtumishi alikuwa amerukwa na akili, ikabidi aitwe fundi wa kufuli. Alifariki miezi mitatu baadaye, akiwa na umri wa miaka 51. Victor Hugo alimtembelea jioni ileile, na tarehe 21 Agosti alihutubia mazishini Père-Lachaise. Hańska alilipa madeni kwa muda mrefu, alifariki 1882.

Baada yake

Émile Zola, Henry James na wengine wengi walijifunza kwake. Fyodor Dostoyevsky alianza kuchapishwa kwa kutafsiri Eugénie Grandet kwa Kirusi mwaka 1844. Karl Marx alimpenda sana, na Friedrich Engels aliona ajabu kwamba mwandishi aliyeshabikia makabaila ndiye aliyeeleza kuliko wote jinsi walivyoporomoka mbele ya nguvu ya fedha.

Sanamu yake iliyoagizwa kwa Auguste Rodin mwaka 1891 ilikataliwa na walioiagiza ilipoonyeshwa 1898, wakisema haimfanani. Inamwonyesha amejifunika joho lake la usiku, bila bakora. Iliwekwa hadharani Paris mwaka 1939. Illusions perdues ilifanywa filamu na Xavier Giannoli mwaka 2021, na nyumba ya Passy yenye milango miwili sasa ni makumbusho.